Ndimu na Malimau ya Chumvi: Kwa Nini Kila Nyumba Ina Kipimo Chake

Ndimu zikijaa sokoni na bei ikaanguka, chupa tupu hutafutwa na maswali huanza. Huyu kaambiwa atie kikombe kizima cha chumvi kwa kilo moja. Yule kasoma kwamba kijiko kimoja kinatosha. Mmoja anaanika chupa yake juani wiki mbili, jirani yake kaonywa kuwa jua ndilo litakaloiozesha. Wapo wanaomimina siki, wapo wanaomimina mafuta, na wapo wasiotaka kusikia kitu kingine zaidi ya chumvi na maji ya tunda lenyewe. Mwisho wake wengi hutupa chupa nzima kwa kuogopa utando mweupe tu, na wachache hula iliyokwisha kuharibika.

Karibu kila jibu kati ya hayo lina ukweli mahali pake. Mambo huharibika pale mtu anapochukua kipande cha njia hii akakishona kwenye njia ile: kipimo cha chumvi cha wenye jokofu, jua la wanaoacha chupa wazi, mafuta ya wanaotumia siki. Kila njia ni mapatano kamili kati ya asidi, chumvi, hewa na maji. Ukiondoa kimoja, lazima urudishe kingine.

Kwanza, tunda gani?

Mkanganyiko wa mwanzo ni wa jina. Pwani ya Tanzania na Zanzibar, ndimu ni lile tunda dogo la mviringo lenye ganda jembamba, la kijani likiwa changa na la manjano likiiva. Limau, au limao, ni kubwa zaidi, lina chuchu mwishoni na ganda nene. Kwingine, hasa Kenya, watu wengi husema ndimu kwa matunda yote mawili. Kwa kukamulia samaki hilo halina madhara. Kwa kutia chumvi lina madhara makubwa, maana kinacholiwa mwishoni ni ganda.

Ganda lina tabaka mbili. La juu, lenye rangi, lina vifuko vidogo vya mafuta, na ndiyo harufu yote tunayoitafuta. Chini yake kuna nyama nyeupe inayofanana na sifongo, ambayo hunywa chumvi na maji polepole na kulainika. Limau lina nyama hiyo nyingi, kwa hiyo linahitaji muda mrefu ndani ya majimaji yake. Ndimu ina kidogo sana hapo. Chumvi hupenya upesi, na jua huikausha kabla haijawa uji. Mtu anayefuata maelekezo ya limau kwa kutumia ndimu hupata kitu kikali, kilichosinyaa, chenye uchungu. Anayefanya kinyume chake hupata malimau yaliyokauka nje na mabichi ndani.

Uchungu wenyewe una chanzo kingine pia. Unatoka kwenye mbegu na kwenye ngozi za vyumba vya tunda, nao hujitokeza zaidi baada ya tunda kukatwa na asidi kupenya. Ndiyo maana maji ya limau yaliyokamuliwa jana huwa machungu kuliko ya sasa hivi. Anayelalamika kuwa achari yake ni chungu aanze kwa kutoa mbegu na kuchagua matunda yaliyoiva, kabla hajalaumu chumvi.

Njia hizi zilitoka wapi

Miongoni mwa maelezo ya kale yanayojulikana ni ya Ibn Jumay, tabibu wa Kiyahudi aliyemhudumia Sultani Salahuddin mjini Cairo katika karne ya 12 na kuandika risala nzima juu ya limau. Anaagiza malimau yaliyoiva yapasuliwe bila kutenganishwa, yajazwe chumvi, yatiwe kwenye chombo cha kioo, na maji ya limau yamiminwe hadi yafunike. Chombo huzibwa kwa nta, hukaa juani wiki mbili, kisha huwekwa pembeni siku arobaini au zaidi. Yaani jua na kivuli, ambavyo leo vinagombanisha watu, vilikuwa hatua mbili za kazi moja. Na jambo ambalo hakulilegeza ni kwamba tunda lizame.

Morocco ndiko njia hii ilikobaki karibu kama ilivyokuwa. Huko malimau ya chumvi huitwa kwa neno lenye maana ya kulazwa usingizi, na hapa Mswahili hahitaji maelezo mengi, kwa kuwa sisi pia hulaza maharage na mchele. Ganda lake ndilo linalopikwa na kuku na zeituni kwenye tajine. Nyama ya ndani mara nyingi hutupwa.

Njia ya pili imetoka Bara Hindi pamoja na neno lenyewe, achari. Ndimu hukatwa vipande vinne, hutiwa chumvi, huanikwa, kisha huchanganywa na pilipili, manjano, haradali, uwatu, na mafuta au siki. Pwani yetu imeipokea hivyo na kuipa mahali pake pembeni ya sahani ya wali, pilau na biriani. Oman kuna jamaa yake wa tatu, loomi: ndimu nzima huchemshwa kwenye maji ya chumvi, kisha huanikwa hadi ziwe nyepesi, ngumu na za kahawia iliyokolea. Hizo haziliwi kwa kijiko. Hutobolewa na kutupiwa mchuzini.

Kwa hiyo kuna vyakula vitatu tofauti: kiungo cha kupikia, kitoweo cha pembeni, na tunda kavu la mchuzi. Ubishi mwingi ungekwisha kama anayeuliza angesema kwanza anataka kipi.

Kinachotokea ndani ya chupa

Maji ya ndimu na limau ni makali sana. Kipimo chake cha pH ni kati ya 2 na 3, na kadiri namba hiyo inavyoshuka ndivyo asidi inavyozidi. Bakteria wanaotengeneza sumu ya botulismu, inayopooza misuli na kuua, hawaoti pH ikiwa chini ya 4.6. Kabichi au karoti za kutia chumvi hazina kinga hiyo tangu mwanzo. Hungoja bakteria wazuri watengeneze asidi, na ndiyo sababu kipimo cha chumvi yake ni cha uangalifu. Ndimu imekuja na kinga yake mwilini.

Basi chumvi inafanya nini? Inavuta maji kutoka kwenye ganda, na nafasi hiyo inajazwa na maji makali ya tunda, kwa hiyo kinga inafika mpaka kwenye ile nyama nyeupe ambayo peke yake haina ukali huo. Inazuia hamira za asili, zile zinazostahimili asidi na kuleta povu na utando. Na inaleta ladha.

Asidi na chumvi, hata hivyo, haviuogopeshi ukungu. Ile kuvu ya kijani au ya buluu unayoiona kwenye chungwa lililooza kapuni imezoea tunda kali. Inachohitaji ni hewa. Kipande kimoja cha ganda kinachoelea juu ya maji kinatosha kuwa kiwanja chake, na ikishaota hula asidi na kuidhoofisha kinga ya chupa nzima.

Chumvi pekee: nguvu na udhaifu

Rudi kwa wale wawili wa kikombe na kijiko. Kikombe cha chumvi laini kina gramu kama 290. Kwa kilo moja ya malimau, hiyo ni karibu asilimia 29. Kijiko kikubwa kilichosawazishwa kina gramu kama 18, yaani chini ya asilimia 2. Vipimo hivi viwili vimepishana mara kumi na sita, na vyote huitwa malimau ya chumvi.

Kipimo cha juu kinavumilia makosa. Chupa inaweza kukaa mwaka kabatini, hata katika joto la Mombasa, na karibu hakuna kitakachoisumbua. Gharama yake ni kwamba chakula hicho hakiliki bila kuoshwa na kulowekwa, na ukikiloweka unamwaga harufu uliyoingoja miezi. Kipimo cha chini kinaacha tunda likiwa na ladha yake, ila kwenye nyuzi 30 za joto hamira huamka ndani ya siku chache: povu, kifuniko kuvimba, ganda kuwa telezi. Kipimo hicho ni cha jokofu, na nyumba ambayo umeme hukatika kwa saa sita kila mara isikitegemee.

Katikati, asilimia 10 ya uzito wa tunda, ndipo wengi wenye uzoefu wanapoishia, na sababu yake inaeleweka: inatosha kuituliza hamira na bado inaruhusu ganda kupikwa baada ya kusuuzwa mara moja. Kwa kilo moja ni gramu 100, kama vijiko vikubwa vitano na nusu vya chumvi laini. Chumvi ya mawe huacha mapengo ndani ya kijiko, kwa hiyo ipimwe kwa mizani.

Kazi yenyewe ni ya mikono. Limau huoshwa na kukaushwa kabisa, hupasuliwa msalaba kuanzia juu na kuachwa limeshikana chini kama ua, chumvi hushindiliwa ndani ya mipasuko, kisha malimau hukandamizwa kwenye chupa moja juu ya jingine hadi maji yapande. Yasipofika juu, hukamuliwa mengine ya kuongezea. Maji ya bomba hayafai hapa, kwa kuwa yanapunguza asidi na chumvi kwa wakati mmoja. Siku tatu za kwanza malimau huelea na kutaka kusukumwa chini kila asubuhi. Kufikia wiki ya nne ganda limepoteza weupe wake, limekuwa la rangi ya asali na linapitisha mwanga, na kisu kinaingia bila kusukumwa.

Kuhusu madini joto: sheria za Tanzania na Kenya zinataka chumvi ya kula itiwe madini hayo, na wapo wanaoamini kuwa huharibu achari. Hayaiharibu. Kinachotia ukungu-ukungu kwenye maji ni dawa ya kuzuia chumvi isigande, nayo haina madhara.

Jua: lini ni rafiki

Jua linafanya kazi mbili ambazo hazipaswi kuchanganywa. Katika chupa iliyozibwa, linapasha joto na kuharakisha ganda kulainika, basi. Halikaushi chochote. Katika sinia lililo wazi, linaondoa maji, na ukavu unakuwa kinga mpya badala ya kuzama. Kosa la kawaida ni nusu kwa nusu: chupa imejaa vipande visivyozama, imefunikwa, imewekwa juani. Humo mvuke unapanda, unagonga kifuniko na kudondokea vipande vya juu. Maji hayo hayana chumvi wala asidi. Ukungu huanzia hapo hapo.

Anayetaka kukausha aanike wazi, kwenye sinia la plastiki au ungo, chini ya chandarua au kitambaa chepesi cha kuzuia nzi. Na ajue tabia ya chumvi: huvuta unyevu wa hewa. Ndimu zilizokauka vizuri saa kumi jioni zikiachwa nje usiku wa pwani, asubuhi zinatoa jasho. Ziingizwe ndani kabla ya magharibi, zitolewe jua likishachomoza. Miezi ya kaskazi, Desemba hadi Machi, kazi hii inawezekana. Masika yakianza, aliye pwani aache kuanika na arudi kwenye kulaza chupani, kwa maana wiki mbili za mawingu ni mwaliko wa kuvu.

Faida ya jua ni ladha nzito inayofanana na ya tende au ukwaju, ambayo kulaza hakuwezi kuileta. Hasara yake ni harufu ya juu ya ganda, ile mbichi na safi, ambayo huruka pamoja na maji. Vitamini C nayo hupungua kwa joto, hewa na muda. James Lind, daktari wa jeshi la majini la Uingereza aliyeonyesha mwaka 1747 kuwa machungwa na malimau huponya kiseyeye, alipendekeza baadaye maji yake yapashwe moto hadi yawe mazito ili yadumu safarini, na moto ukaila ile nguvu aliyoigundua. Achari iliwe kwa utamu wake. Anayetaka vitamini akamulie ndimu mbichi.

Siki

Siki ya dukani huwa na asidi ya kama asilimia 5, kwa hiyo ni kinga ya kweli, na ni msaada mzuri pale ndimu zimekauka na hazitoi maji ya kutosha. Ubaya wake ni mmoja: ladha yake hufunika ile ya tunda. Kwa achari yenye pilipili na bizari hilo halionekani. Kwa ganda la kupikia linaonekana mno.

Mafuta, na kitunguu saumu kilichojificha ndani yake

Hapa ndipo pa kusimama, kwa sababu hapa pekee kuna hatari ya kuua.

Mafuta hayahifadhi kitu kwa nguvu yake. Yanafukuza hewa tu. Juu ya ndimu zilizokwisha kuiva kwa chumvi, hilo ni jema: ukungu unakosa pumzi, na bizari zilizokaangwa zinatoa harufu yake ndani ya mafuta. Bakteria wa botulismu, hata hivyo, hupenda pasipo hewa. Kinachowazuia ni asidi ya ndimu, na asidi hiyo iko kwenye maji ya tunda, haiko kwenye mafuta.

Sasa mtu anaongeza kitunguu saumu, karoti, pilipili hoho, kwa kuwa achari ya mchanganyiko inapendeza. Vitu hivyo havina asidi ya maana, na kitunguu saumu na karoti hutoka udongoni, wanakokaa bakteria hao. Vikikatwa vidogo na kulowa maji ya ndimu siku kadhaa, asidi huvipenya. Vikitupwa vizima, vibichi, moja kwa moja kwenye mafuta, kila kimoja ni kisiwa kisicho na hewa wala asidi. Mwaka 1985 mjini Vancouver, Kanada, watu 36 waliugua botulismu kutokana na kitunguu saumu kilichokatwa na kuhifadhiwa kwenye mafuta bila kuwekwa kwenye baridi. Sumu hiyo haijitangazi kwa harufu wala kwa rangi.

Ndimu haikuwamo katika mkasa ule. Ila kadiri mboga zinavyozidi na ndimu kupungua, ndivyo chupa ya achari inavyoisogelea ile chupa ya Vancouver. Anayetaka mchanganyiko azilaze mboga kwanza kwenye siki, hadi zikolee, ndipo azitie mafuta, na aiweke chupa kwenye jokofu.

Presha

Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku. Kipande cha gramu 20 kutoka chupa ya asilimia 10 kina karibu gramu 2. Hesabu hiyo inatisha, lakini inategemea namna ya kula. Ganda la limau moja likisuuzwa na kukatwakatwa kwenye chungu cha watu sita, na mpishi akapunguza chumvi ya chungu, mlaji hapotezi kitu. Vijiko viwili vya achari pembeni ya pilau iliyokwisha kutiwa chumvi ni jambo jingine. Kwa nyumba yenye mgonjwa wa presha, njia ya Morocco ni bora waziwazi, na suluhisho la kupunguza chumvi ndani ya chupa linafaa tu pale baridi ya kudumu inapatikana.

Chombo na dalili

Kioo ni bora. Alumini na bati huliwa na asidi na chumvi, kwa hiyo sufuria isitumike hata kwa usiku mmoja, na kifuniko kiwe cha plastiki au kioo. Utando mweupe, mwembamba na bapa ni hamira. Hutolewa kwa kijiko safi, tunda likasukumwa chini na maji ya limau yakaongezwa. Chenye manyoya, cha kijani, buluu au cheusi, ni ukungu. Wapo wanaoshauri uondolewe juu tu na kilichobaki kiliwe. Hoja hiyo ni dhaifu, kwa kuwa mizizi yake na mabaki yake huingia ndani zaidi ya jicho linapoishia, na kilo moja ya malimau haistahili kubahatishwa. Rangi ya kahawia peke yake si kuharibika.

Uamuzi

Kwa malimau yenye ganda nene, na kwa anayeanza, kulaza kwa chumvi pekee kunashinda: gramu 100 kwa kilo, maji ya tunda lenyewe, chombo cha kioo, wiki nne kivulini. Akitaka kuanza na wiki mbili za jua kama Ibn Jumay, na afanye hivyo, ili mradi tunda limezama. Kwa ndimu ndogo za pwani wakati wa kaskazi, sinia la wazi juani linatoa achari ambayo chupa haiwezi kuitoa, na siki au mafuta yaje mwishoni, baada ya chumvi na jua kumaliza kazi. Chumvi ya kijiko kimoja bila jokofu iachwe. Kitunguu saumu kibichi kwenye mafuta kiachwe kabisa.

Na kila chupa iandikwe tarehe, uzito wa tunda na gramu za chumvi. Kikombe cha jirani huenda si kikubwa kama chako, lakini gramu 100 ni zile zile katika kila nyumba.